Nyimbo ziko mdomoni, vitabu viko kabatini

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako nieleze jambo lililonikaa moyoni tangu mahafali ya watoto wa maandalizi niliyoalikwa hapa Pemba mwishoni mwa mwaka uliopita. Nimesomesha watoto wadogo miaka mingi kabla ya kustaafu, lakini siku ile nilikwenda kama bibi wa mmoja wa wanaomaliza, kwa hiyo nilikaa nyuma pamoja na wanawake wenzangu, nikala visheti vyangu na kutazama. Watoto walipanda jukwaani wamevaa majoho yaliyowazidi urefu, wakaimba alfabeti ya Kiingereza kuanzia herufi ya kwanza hadi ya mwisho bila ya kukosea, na ukumbi wote ukarindima kwa makofi na vigelegele. Hata mimi nilipiga kigelegele, maana mtoto akipendeza anapendeza.

Jioni yake nilimkalisha mjukuu wangu barazani, nikamwandikia L, M, N, O na P kwenye karatasi, kila moja mbali na mwenziwe, nikamwomba anioneshe zile walizoziimba baada ya K. Aliimba tena tokea mwanzo, akafika pale akasema "elemenopi", kisha akakizungusha kidole chake juu ya karatasi kama mtu anayetafuta sindano mchangani. "Bibi," akaniambia, "elemenopi haimo." Kwake yeye ile ilikuwa herufi moja, ndefu kidogo kuliko nyenziwe, na aliona mimi ndiye niliyesahau kuiandika.

Simtaji mwalimu wake wala skuli yake, kwa sababu hili halikuanzia kwao. Katika madarasa mengi ya maandalizi niliyoyaona, Unguja na Pemba, nyimbo huimbwa asubuhi uwanjani na tena wageni wanapofika, na vitabu vya picha hukaa vimefungiwa kabatini, na viwili hivyo havikutani hata siku moja. Ninachokiomba ni kwamba vikutanishwe: wimbo uimbwe juu ya ukurasa, na ukurasa utolewe kabatini.

Nianze na wimbo, maana hapo tuna utajiri tusioutumia. Kiswahili ni lugha ya silabi, na silabi ni kitu ambacho mtoto wa miaka minne anaweza kukishika kwa mikono yake. Washairi wetu waliihesabu kabla ya skuli za serikali kufunguliwa, wakaiita mizani, na mshororo wa mizani 16 ukipungua mmoja tu, mzee asiyejua kusoma anakunja uso kabla hujamaliza kuutamka. Mtoto anayepiga kofi moja kwa kila silabi anafanya kazi ileile. Nilikuwa nikiwaonesha wanafunzi wangu picha mbili nilizozichora mwenyewe, moja ya nazi na moja ya mnazi, nikawataka waimbe jina la kila moja kwa makofi. Nazi ina makofi mawili, na hapo hakukosea mtu. Kwenye mnazi nusu ya darasa ilipiga mawili vilevile, kwa sababu ile m ya mwanzo hutamkwa mdomo umefumbwa na mtoto haihesabu kuwa ni kitu. Nikawarudisha kwenye picha, nikawauliza kama mti na tunda lake ni kimoja, wakacheka, wakaimba upya polepole: m-na-zi, makofi matatu. Baada ya hapo ndipo nilipoyaandika maneno yote mawili chini ya picha, na sikuwa na haja ya kueleza ni herufi ipi iliyozidi.

Siku nyingine tulipofika kwenye mbuzi, mtoto mmoja akataka kujua kwa nini m ya mnazi inapigwa kofi na m ya mbuzi haipigwi. Nilimjibu kuwa ile ya mbuzi imebebwa mgongoni na b, kwa hiyo haitembei kwa miguu yake. Sijui kama wataalamu wa lugha wangeniruhusu kusema hivyo, lakini aliridhika, na hajawahi tena kuandika "nazi" akikusudia mti. Bado alikuwa akivaa kandambili ya kulia mguu wa kushoto.

Sasa linganisha na nyimbo tunazozitafsiri kutoka Kiingereza. Neno la Kiswahili, karibu siku zote, huwekewa mkazo kwenye silabi ya pili kutoka mwisho, na sauti ya wimbo iliyotungwa kwa maneno ya lugha nyingine hailijui hilo, kwa hiyo watoto hulazimika kuivuta silabi isiyovutwa na kuimeza ile inayotakiwa isikike. Ile alfabeti ya Kiingereza ina dhara zaidi kwa mtoto anayetarajiwa kuanza kusoma kwa Kiswahili, kwa kuwa A ya Kiingereza huitwa ei, E huitwa kwa sauti ya i yetu, na I huitwa ai. Mtoto huyu akikutana na a, e, i, o, u za Kiswahili, somo lake la kwanza linakuwa ni kusahau. Sina ugomvi na Kiingereza. Sera ya Elimu ya Zanzibar ya mwaka 2006 ilielekeza hisabati na sayansi zisomeshwe kwa Kiingereza kuanzia darasa la tano, na mimi nataka wajukuu wangu wakijue Kiingereza hasa, wala wasiishie kukiimba. Lakini mtoto akishaelewa kwa lugha yake kwamba alama iliyo kwenye karatasi ni sauti, hahitaji kuelewa hivyo mara ya pili kwa lugha nyingine, na asiyeelewa mara ya kwanza huendelea kubabaika katika zote mbili.

Wako waliolipima jambo hili kwa utaratibu kuliko mimi na makofi yangu. Mwaka 1983 watafiti wawili wa Chuo Kikuu cha Oxford, Lynette Bradley na Peter Bryant, walitoa matokeo ya kazi waliyoifanya kwa watoto wapatao 400 wa miaka minne na mitano huko Uingereza. Waliona kwamba mtoto ambaye, kabla ya kujua kusoma, anaweza kutambua maneno yanayolingana sauti mwanzoni au mwishoni, ndiye aliyeelekea kusoma vizuri miaka ya mbele. Kisha wakawachukua watoto 65 waliokuwa dhaifu katika utambuzi huo, wakawagawa katika makundi. Kundi moja lilifundishwa kuzipanga picha kwa kufuata sauti za majina yake. Jengine lilifundishwa vivyo hivyo, ila likapewa pia herufi za plastiki za kushika na kupanga. Mengine mawili hayakufundishwa sauti. Kundi lililokwenda mbele kuliko yote lilikuwa lile lililopata picha, sauti na herufi kwa pamoja. Habari hii niliipata nimeshastaafu, na nilipoisoma niliukumbuka mnazi wangu.

Kuhusu kitabu chenyewe, nadhani tatizo letu ni kwamba tunakiona kuwa ni kitu cha anayejua kusoma, na asiyejua akae asubiri zamu yake. Kitabu cha picha hakikutungwa kwa ajili hiyo. Tangu mwalimu Comenius wa Moravia alipokichapisha chake huko Nuremberg mwaka 1658, kikiwa na picha za vitu na majina yake kwa ajili ya watoto, nia imekuwa mtoto aingie kwenye maandishi kwa mlango wa macho. Huko Marekani mwaka 1988 Grover Whitehurst na wenzake walieleza jinsi walivyowafundisha wazazi wa watoto wa miaka miwili hivi namna nyingine ya kusoma kitabu cha picha, ambapo mzazi anauliza kuna nini hapa, huyu anafanya nini, unadhani kwa nini, kisha ananyamaza na kumwachia mtoto asimulie. Kwa mwezi mmoja tu watoto hao waliwapita kwa lugha ya kuzungumza wenzao ambao nao walikuwa wakisomewa nyumbani kwa njia ya kawaida. Nani asiyeijua njia hiyo? Bibi zetu walipotutolea hadithi usiku walisema paukwa, na hadithi haikusogea mpaka sisi tuitikie pakawa, na katikati walituuliza kama sungura afanye nini sasa. Bibi wa aina hiyo, hata kama hajui alifu wala a, anaweza kumkalisha mtoto na kitabu cha picha kuanzia jalada hadi jalada. Kwa hakika anaufanya ukaguzi wa namna hiyo kila anapofungua kanga mpya dukani, akatazama mji na pindo, kisha akamuuliza aliye karibu jina lake linasemaje.

Nimefika kwenye kabati, na hapa naomba nivumiliwe kidogo. Skuli moja niliyowahi kuifanyia kazi, ambayo haina haja ya kutajwa, iliwahi kupokea maboksi mawili ya vitabu vya picha, vizuri kweli, vyenye karatasi nene na rangi zisizofutika. Vilipigwa muhuri, vikaingizwa katika daftari la mali, vikafungiwa, na ufunguo ukakaa kwa mtu ambaye karibu kila wiki ana safari ya Chake Chake kwa shughuli za skuli. Nilipoviomba niliambiwa nitie saini kwamba nitalipa kitakachochanika. Nilitia, kwa ujeuri wangu. Mwalimu mwenzangu aliyekuwa akijitolea, na ambaye posho yake ilikuwa haitoshi nauli, hakuthubutu, wala sikumlaumu. Mkaguzi alipokuja alifunguliwa kabati, akavihesabu, akavikuta vyote, akaandika kuwa vifaa vya kusomeshea viko katika hali nzuri. Vilikuwa katika hali nzuri mno. Waliokuwa wameanza kuvisoma ni mchwa, kutokea pembe ya chini ya kushoto.

Kwa hiyo ombi langu kwa wenye mamlaka ni la kiofisi tu na halina gharama: vitabu vya picha vya madarasa ya maandalizi vitolewe katika orodha ya mali ya kudumu, viandikwe katika fungu moja na chaki, yaani vitu vya kutumika vikaisha. Hakuna mwalimu anayeulizwa chaki ya mwaka jana iko wapi. Mkaguzi akikuta kitabu hakina alama ya kidole hata kimoja baada ya mwaka mzima, hapo ndipo aulize. Na mtoto anayekichana kitabu afundishwe kukifunua kwa pembe ya juu ya ukurasa, jambo linalochukua siku mbili tatu, badala ya kuadhibiwa kwa kunyimwa kukigusa hadi afike umri ambao hatakuwa na hamu nacho tena.

Nakiri kwamba si kila kitabu kinachotufikia kinatufaa. Darasani kwangu palikuwa na chati ya Kiingereza yenye herufi A, na chini yake picha ya apple, tunda jekundu, la mviringo, linalong'aa, lenye kijiti na jani moja. Nilipoelekeza fimbo, darasa zima lilijibu kwa sauti moja: "Tungule!", yaani nyanya. Walikuwa na haki zote, hakuna kitu chekundu cha mviringo wanachokiona nyumbani kwao kila siku ila hicho, tena huwa wanatumwa dukani kukinunua. Nikajikuta nina watoto thelathini na kitu wanaoamini kuwa A ni ya tungule. Niliigeuza ile chati, nikachora nyuma yake.

Mambo ya kuchora hapa kwetu hayaishi. Kuna popo wa Pemba, ambaye hapatikani kokote duniani isipokuwa katika kisiwa hiki, na watoto wa karibu na Kidike wanamjua kuliko wanavyomjua simba wa kwenye vitabu. Kuna mchezo wa ng'ombe, kuna majamvi ya karafuu yanavyotolewa nje na kukimbizwa ndani mvua ikianza, kuna ngalawa. Walimu wetu pia hawakuanza jana kutengeneza vifaa kwa mikono. Tangu mpango wa maandalizi katika madrasa ulipofika Zanzibar mwaka 1990, ukitokea Mombasa, walimu wengi, na zaidi wanawake, walijifunza kusomesha kwa vifuu, mbegu, kombe na maboksi. Anayetaka hadithi zilizokwisha chorwa anaweza kuzipata bure katika intaneti kwa Kiswahili, mfano zile za African Storybook, mradi wa Afrika Kusini uliozinduliwa mwaka 2014, ambazo ruhusa ya kuzichapa na kuzibadilisha imetolewa wazi. Mwalimu azisome kwanza mwenyewe. Akikuta nyanya, aandike tungule.

Kitabu changu nilichokipenda kilikuwa cha pweza. Nilikikata katika boksi la biskuti, kurasa sita, nikazitoboa kwa msumari na kuzifunga kwa uzi wa nailoni wa kuvulia. Ukurasa wa kwanza bahari imekupwa. Wa pili kuna tundu kwenye jiwe na makombe yamerundikana mlangoni. Wa tatu mkono mmoja wa pweza unachungulia. Wa nne bibi ameinama na kijiti chake. Wa tano wino tupu. Wa sita bibi amekaa chini majini, kapu limeelea, na pweza haonekani. Kila ukurasa tulikuwa tukiuimbia mishororo miwili niliyoitunga kwa sauti ya kubembelezea watoto:

Ewe pweza, pweza, toka pangoni,
maji yamekupwa, bibi yu pwani.

Niliitunga hivyo kwa makusudi, ili pwe na pwa zigongane masikioni. Baada ya siku nne niliandika pweza na pwani ubaoni bila ya kusema kitu, na mtoto mmoja wa mstari wa nyuma, ambaye kwa kawaida kazi yake ilikuwa kuwafinya wenzake, akasimama na kusema kuwa mwanzo wake ni mmoja ila "huku kuna e na huku kuna a". Ukurasa wa sita nao ulizua mjadala wa wiki nzima juu ya wapi alikokwenda pweza. Wengine walisema kakimbia, mmoja akashikilia kuwa yumo ndani ya kapu, na aliposema hivyo tulilitazama kapu kwa makini, tukaona nimelichora limeinama upande mmoja. Tangu hapo nami nikaamini yumo.

Najua wapo wazazi ambao neno muziki likitajwa pamoja na watoto wao hawatulii, na sipendi wadharauliwe, kwa sababu wanalinda wanachokiamini na watoto ni wao. Nawakumbusha tu kwamba hakuna mahali Zanzibar ambapo mtoto anasomeshwa kwa sauti kuliko chuoni, yaani kwenye darasa la Kurani. Sote tulizijua herufi na irabu kwa kuzifuatisha kwa pamoja, kwa mahadhi, mwili ukiyumba, kidole kikiwa juu ya herufi inayosomwa, na ole wake ambaye sauti yake imetangulia na kidole kimebaki nyuma. Hicho ndicho ninachokiomba kwa maandalizi. Hakihitaji gitaa, wala kinanda, wala lile spika linalowekwa uwanjani likawatisha watoto wa miaka mitatu. Sauti ya mwalimu na viganja vya watoto vinatosha, na pale ambapo wazazi wameridhia, dufu au ngoma ndogo huwasaidia wasikimbilie mbele. Mwalimu anayesema hana sauti nzuri nitamwambia kuwa mimi sauti yangu ni ya kuku, na watoto hawakuwahi kulalamika.

Redio nayo ina nafasi yake. Vipindi vya Tucheze Tujifunze vilivyoanza hapa Zanzibar katika miaka ya 2000 viliwafikia watoto wa vijiji ambavyo darasa la maandalizi lilikuwa chini ya mwembe, na nyimbo na michezo yake bado iko vichwani mwa vijana ambao sasa wana watoto wao. Lakini redio huleta sauti peke yake, na ukurasa wa kulingana na sauti hiyo ni lazima awe nao mtu aliyekaa mbele ya watoto.

Kitabu cha pweza nilikiacha darasani nilipostaafu, kwa vile hakikuwamo katika daftari lolote na hakuna aliyenidai. Mwaka huu nilipopita kuwasalimia niliambiwa kuwa ukurasa wa tatu umepotea, haijulikani tangu lini. Mwalimu aliyepo alinifungulia kitabu mbele ya watoto, na walipofika pale walipanyoshea vidole vyao patupu baina ya ukurasa wa pili na wa nne, wakauimba mkono wa pweza unavyotoka, kisha wakamngojea afunue.

Mwalimu mstaafu wa maandalizi,
Wete, Pemba.